Kiti cha Fundi Taa

Koti ndilo lililomfanya Mama Kwanini aombe kigoda akae. Lilikuwa limetandazwa juu ya meza ya daktari, koti zito la sufu, la rangi ya kahawia, mgongo wake umepasuliwa kwa mkasi kuanzia kola hadi pindo. Daktari alimweleza kwamba hakuwa na namna nyingine. Damu ilikuwa imeganda kati ya kola na sakafu ikakauka hapohapo, nguo na mbao zikawa kitu kimoja. Maiti ya fundi taa isingenyanyuka mpaka koti likatwe.

"Kwa hiyo tangu aanguke halijavuliwa," alisema Mama Kwanini.

"Halijavuliwa. Wala hakuna mtu anayeweza kulivua kisha akalirudisha vile."

"Alianguka lini?"

Daktari alikuwa akinawa mikono kwenye beseni. Alijibu bila kugeuka kwamba ni siku ya tatu sasa, na kama kuna kosa basi ni siku ya nne. Mwili ulikwisha kukakamaa, ukalegea tena. Baridi ya karakana ilikuwa imeuhifadhi, lakini baridi nayo ina mwisho wa kudanganya.

Sajini, aliyekuwa amesimama mlangoni na kipande cha mkate mkononi, aliacha kutafuna. Mtu huyo jina lake la kazini lilikwisha kusahaulika. Mji mzima ulimwita Tonge, naye aliitika.

"Lakini Afande," alisema, "jana alikuwa mezani. Amekula na watu."

Hilo ndilo lililokuwa likimsumbua Mama Kwanini tangu asubuhi. Mwaka huo alikuwa ametimiza miaka ishirini katika upelelezi, na alipewa jina hilo kwa sababu ya swali alilopenda kuliuliza mara mbili. Alikuwa amewahi kukuta watu waliouawa, watu waliojiua na hata mmoja aliyejifanya amekufa. Aliyekufa kisha akaenda karamuni hakuwa amemkuta bado.

Katika mji ule moto haukuwa mali ya mtu. Kila mwisho wa Majira ya Giza moto wote ulikufa wenyewe: mekoni, kwenye tanuri, kwenye taa, hata kiberiti kikavu kilikwaruzwa kikatoa moshi tu. Ndipo ikawa Sikukuu ya Mwako. Meza moja ilitandikwa barabara kuu nzima, kutoka lango hadi mnara, na kila nyumba ilileta mtu mmoja, sahani moja na taa moja. Watu walikula gizani, kimya, bega kwa bega, mpaka moto mpya uliposhushwa kutoka mnarani. Taa ya kwanza iliiwasha ya pili, ya pili ikaiwasha ya tatu, kiti kwa kiti. Taa iliyowaka mezani ilidumu nyumbani mwaka mzima. Taa iliyokosa haikuwashwa tena na chochote. Jirani akikuletea kijinga cha moto, kinazimika kizingitini pako.

Na sheria ilikuwa moja: nyumba yenye maiti haikai mezani. Wazee wa zamani waliogopa kwamba wafu wenye njaa wangekuja kudai fungu lao. Nyumba ya namna hiyo ilibaki bila moto mpaka mwaka ugeuke, na wengi wa wenyewe waliishia kuhama, waliobaki wakaishia kuzikwa.

Asubuhi ile, mdogo wake fundi taa alikwenda kumpa kaka yake heri ya sikukuu. Alikuta karakana imefungwa kwa kufuli, akaita, akavunja mlango. Kisha akatoka barabarani akapiga kelele kwamba kaka yake ameuawa na mke wake. Majirani walitoka, wakashika vichwa. Ila kila aliyeulizwa alisema lilelile: jana fundi taa alikuwa kitini pake, amekula, taa yake imewaka.

Na kweli taa yake ilikuwa ikiwaka. Mama Kwanini aliiona alipofika pale nyumbani, imening'inia juu ya meko, mwali wake mrefu na mtulivu.

Alianza na karakana. Alimwambia Tonge asimame nje, kwa sababu alikuwa na tabia ya kugusa vitu, akaingia peke yake. Palinukia bati na lehemu. Taa ambazo hazijamalizika zilikuwa zimepangwa rafuni, vioo vyao vimefunikwa kwa magunia, na hewa ilikuwa baridi hata pumzi yake ilionekana. Ngazi ilikuwa imelala chali. Kipandio cha juu kilikuwa kimevunjika, naye alikipeleka dirishani akakitazama. Nusu ya mpasuko ilikuwa nyeusi kwa uchafu wa miaka, nusu ilikuwa nyeupe, mbao mbichi. Kulikuwa na ufa wa siku nyingi, na siku moja ulikamilika. Juu kwenye boriti palikuwa na kulabu iliyopigwa nusu. Nyundo ilikuwa imerukia chini ya benchi. Kona ya fuawe, chuma kizito cha kufulia bati, ilikuwa na damu na nywele chache, na daktari alikwisha kusema kwamba kichwa kina jeraha moja tu, la nyuma.

Mtu anayempiga mwenzake kwa fuawe hana budi kuinyanyua kwanza, na fuawe ile ingewashinda wanaume wawili. Mama Kwanini aliandika mambo hayo, akafunga kalamu. Fundi taa alipanda kutundika kitu, akaanguka, akafa. Hakuna aliyemuua.

Basi kifo kilikuwa na jibu. Kilichokosa jibu ni karamu.

Mdogo wake marehemu ndiye aliyefikiriwa kwanza, kwa sababu ndugu hao walifanana kimo na mabega, na wote mtaani walijua kwamba walikuwa hawaongei tangu wagombanie vifaa vya marehemu baba yao. Gizani angeweza kukaa kwenye kiti cha kaka yake na asijulikane. Lakini mwaka huu ndiye aliyechaguliwa kuushusha moto. Alikuwa juu ya mnara tangu jua lizame, na wenzake wanne waliokuwa naye walisema hakushuka hata kwenda haja. Alipofika mezani sahani zilikwisha kuwa tupu. Mama Kwanini alimwambia aende nyumbani akanyoe, na asirudie maneno ya mauaji mbele ya watu. Yule bwana alilia papo hapo, kilio cha mtu aliyenuna na ndugu yake na sasa hana wa kupatana naye.

Mjane alihojiwa jikoni, chini ya taa ile. Chumba cha pili kulikuwa na binti yake, aliyejifungua siku chache tu zilizopita, na kila mara mtoto alipolia mjane aligeuza shingo. Mara ya kwanza alisema mumewe alikwenda karamuni, akarudi na taa, akaenda karakana, basi. Mama Kwanini alimweleza alichokisema daktari. Mjane akasema kweli, alikufa kabla. Alimkuta ameanguka, akafunga mlango, akaweka kufuli, akamwambia binti yake kwamba baba ana kazi nyingi za sikukuu.

"Kwanini?"

"Umemsikia mjukuu wangu?" alisema mjane. "Ana siku ngapi duniani? Umwambie alale nyumba ya barafu mwaka mzima?"

Mama Kwanini aliuliza nani alikaa kwenye kiti.

"Mimi. Nilivaa koti lake, nikajifunika kichwa. Nilikula nikapokea moto. Mniadhibu mimi, wengine hawana habari."

Alisema upesi, kama mtu aliyekariri. Mama Kwanini alimwacha amalize, akamuuliza taratibu koti hilo alilivua wapi, na mjane akajibu kwamba alimvalisha tena marehemu aliporudi. Ndipo alipoambiwa habari ya mkasi wa daktari, na kola, na mbao za sakafu.

"Mama yangu," alisema Mama Kwanini, "njia ya mwongo ni fupi, na wewe umeipita mara mbili asubuhi moja. Uongo wa kwanza naujua ulikuwa wa nini. Huu wa pili unamkinga nani?"

Mwanamke yule alikaa chini kwenye kinu kilichoinamishwa. Alisema hajui. Hilo ndilo lililomtisha, kwamba hajui. Jioni alikuwa amepeleka taa na sahani akaviweka mahali pao, kama kila mwenye nyumba. Giza lilipoingia alirudi ili akae. Alifika nyuma ya benchi na miguu ikakataa. Alihisi kwamba akikaa pale atakuwa amemkalia mumewe kifuani. Akageuka, akarudi nyumbani akilia, akajifungia na binti yake na mtoto, wakajifunika mablanketi yote. Baadaye mlango ukabishwa. Alipofungua hapakuwa na mtu. Taa ilikuwa kizingitini, inawaka.

"Nikadhani kuna aliyenionea huruma akakaa badala yangu," alisema. "Na aliyekalia kiti cha nyumba yenye maiti hufukuzwa mjini. Afadhali nifukuzwe mimi."

Toka hapo Mama Kwanini alikwenda kwa fundi cherehani, ambaye kiti chake mezani kilikuwa kulia kwa kiti cha marehemu. Asubuhi huyu alikuwa shahidi mzuri kuliko wote. Alisema alimtambua jirani yake kwa koti, kwa sababu alilishona yeye mwenyewe. Aliligusa begani gizani, akahisi kiraka cha ngozi. Sasa Mama Kwanini alifungua furushi alilolichukua kwa daktari, akalitandika koti lile lililopasuliwa juu ya meza yake ya kukatia, katikati ya chaki na vitambaa.

Fundi cherehani alilitazama. Kidole chake kilikwenda chenyewe kwenye kiraka cha ngozi, kikatulia pale.

"Siku tatu halijatoka mgongoni kwake," alisema Mama Kwanini. "Jana uligusa nini?"

"Sikugusa kitu."

"Nani alikuwa kitini?"

"Hapakuwa na mtu, mama. Kiti kilikuwa kitupu."

Akaeleza, na sauti yake ilishuka mpaka Tonge akasogea ili asikie. Moto ulipokuwa ukija alijua kwamba ukifika kwenye pengo utakatika, kwa maana mtu mmoja ndiye hupokea na kupitisha. Aliona mkono wa mama wa mikate, aliyekaa kushoto kwa pengo, ukinyooka juu ya kiti kitupu. Ukaiwasha taa ya fundi taa, ukaisukuma mpaka kwake. Yeye akawasha yake kutoka kwa ile. Hawakutazamana wala kuambiana neno. Asubuhi aliposikia mama wa mikate anasema fundi taa alikula, yeye naye akasema, na aliyefuata akasema, hadi mwisho wa benchi.

"Wote walijua?"

"Mtu akiwa jirani yako miaka yote hiyo, unajua kama bega lake lipo au halipo."

Mama wa mikate alikutwa kiwandani mwake, mikono imejaa unga, tanuri la moto mpya linavuma nyuma yake. Hakukataa. Alimwambia Mama Kwanini kwamba ukuta wa tanuri lake ndio ukuta wa karakana, na kwamba nyundo ilinyamaza ghafla siku mbili kabla ya karamu, akasikia kufuli ikifungwa, na mtu akilia kwa ndani kama anayeuma kitambaa. Hakuhitaji kuambiwa. Jioni ya karamu alimwona mjane akija nyuma ya benchi na kurudi. Mbele yake palikuwa na taa isiyo na mtu, na nyuma ya ukuta wake palikuwa na kichanga. Angefanya nini?

"Sheria unaijua," alisema Mama Kwanini.

"Naijua. Nami najua kuoka. Unga usio na moto ni uji wa kuku."

Mama Kwanini karibu atabasamu. Alikuwa anafunga furushi lake ili aondoke, pale yule mama alipomshika mkono, akamwacha na alama nyeupe ya vidole kwenye mkono wa shati.

"Kuna jambo sikumwambia mtu," alisema. "Alikula."

"Nani?"

"Sijui. Tulipokuwa gizani, kabla ya moto kuja, nilisikia mtu anakula pale. Taratibu, kama yeye alivyokuwa anakula, maana meno ya upande mmoja yalikuwa yanamsumbua. Nikajiambia ni fundi cherehani ananyoosha mkono, ana njaa. Moto ulipowaka nikatazama sahani. Ilikuwa safi, imefutwa kwa mkate."

Mama Kwanini alirudi naye kwa fundi cherehani. Aliposikia neno sahani, uso ulimbadilika rangi. Alisema yeye pia alisikia, na alidhani ni mama wa mikate. Walipokuwa wamesimama watatu pale kati ya vitambaa, hakuna aliyemwangalia mwenzake.

Mama Kwanini alitoka nje, akatembea mpaka mahali penyewe. Meza ilikwisha kuondolewa; yalibaki mabaka ya mafuta kwenye mawe na makombo yanayogombaniwa na ndege. Alisimama pale palipokuwa na kiti, akageuka taratibu, akamtazama sajini wake.

"Taa haikujipeleka nyumbani, Tonge. Mama wa mikate alikwenda kuwasha tanuri, fundi cherehani alikuwa na mama yake mzee anayemngoja nyumbani gizani. Barabarani nyuma ya mabenchi kulikuwa na mtu mmoja tu aliyeruhusiwa kutembea, na ni askari wa zamu."

Tonge alivua kofia. Alikiri bila kusukumwa. Alikuwa akipita akawaona watu wote wanainuka na taa zao, na moja ikabaki mezani inawaka peke yake, hakuna anayeisogelea. Alijua ni ya nani. Aliibeba, akabisha hodi, akakimbia kama mtoto aliyeiba maembe. Alisema yuko tayari kurudisha magwanda.

"Na chakula?"

Alimtazama kama amepigwa kofi. "Afande, watu hunicheka kwa ulaji wangu, na mimi hucheka nao. Lakini chakula cha mtu aliyekufa sigusi. Nilifika pale moto ukiwa umekwisha kuwaka. Sahani niliikuta hivyo hivyo."

Mama Kwanini alimwamini. Wakati wa kula Tonge alikuwa zamu ya langoni, upande wa pili wa mji, na walinzi wenzake walikwisha kumweleza Mama Kwanini asubuhi, kwa malalamiko, kwamba aliwamalizia nyama. Alijaribu kila njia nyingine. Aliuliza kuhusu mbwa, akaambiwa mbwa hufungiwa wote siku hiyo. Aliuliza kuhusu wapita njia. Alikwenda akakaa chini palepale, juu ya mawe ya baridi, akanyoosha mikono kulia na kushoto, akapima nani angefika na nani asingefika. Watu hukaa upande mmoja tu wa meza, na sahani ya kiti kile wangeifikia watu wawili tu, na hao wawili alikuwa amewaona usoni.

Jua lilikuwa bado juu ya paa za magharibi alipoingia ofisini kwa mkuu wa mji. Mzee huyo alimngoja na watu wawili wenye ndoo za mchanga, tayari. Alisema wazi kwamba haya hayampendezi, lakini yule mdogo wa marehemu amepiga kelele na mji mzima umesikia kwamba kulikuwa na maiti. Aliyekula fungu lake mezani ana haki ya moto; kama fundi taa hakula, taa yake lazima izimwe leo, na walioshiriki watolewe nje ya lango. Alimtaka Mama Kwanini atoe taarifa yake, na kila mmoja mjini alijua kwamba mwanamke huyo hajawahi kutoa taarifa ya uongo.

Alitoa ya kifo kwanza. Ngazi, ufa, kulabu, fuawe. Hakuna mkono wa mtu. Mkuu wa mji aliitikia kwa kichwa.

"Na karamu?"

"Taa yake ilipokea moto mezani, kwenye nafasi yake, kutoka taa iliyotangulia, ikaupitisha kwa iliyofuata. Mashahidi ni wengi."

"Sikuulizi habari za taa. Nakuuliza alikula au hakula."

Tonge, kando ya mlango, alikuwa ameminya kofia yake hata ikapoteza umbo. Wale watu wa ndoo walikuwa wakitazama sakafu.

"Sahani iliwekwa imejaa," alisema Mama Kwanini. "Watu wawili walisikia ikiliwa gizani. Moto ulipowaka ilikuwa tupu, imefutwa kwa mkate. Nimetafuta kila mtu aliye hai ambaye angeweza kuila. Nimetafuta vizuri, unanijua. Hayupo."

Mkuu wa mji alitazama dirishani, ambako taa za mitaa zilikuwa zinaanza kutundikwa moja moja milangoni, kisha akatazama kiganja chake, kana kwamba ametoka kushikwa mkono na mtu. Yeye mwenyewe alikuwa kwenye benchi lilelile, viti vichache tu kutoka pale.

"Basi alikula," alisema mwishowe, kwa sauti ndogo.

Akawaambia wale wawili warudishe ndoo, na wakipita kwa mjane wamwambie akaandae mazishi.

Mama Kwanini alishuka ngazi za ofisi na Tonge nyuma yake. Chini, yule sajini alimuuliza kama wanaweza kwenda zao sasa, giza halijaingia. Alimjibu kwamba wanaweza. Walipita barabara kuu, na mbele ya mahali pale wote wawili, bila kuambiana, waliteremka kutoka kwenye njia wakazunguka, kama mtu anavyompisha mwenzake aliyekaa anakula.